Mke Aliyesalimiwa Redioni

Wapendwa, leo sianzi na maneno mazito. Naanza na mtu na mkewe, kwa sababu tunayoyasikia humu ndani yakishindwa kuingia majumbani mwetu, basi tumechosha miguu bure kupanda mlima huu.

Palikuwa na mtu mmoja huku huku kwetu milimani Upare. Tumwite Zefania. Hiyo ni zamani, wengi wenu hamjazaliwa, wakati kijiji kikiwa na redio moja kinajiona kimeendelea, na vingi havikuwa nayo hata hiyo moja. Zefania alikuwa na mashine ya kusaga. Kila mwanamke wa mteremko ule alimjua, maana unga wa kila nyumba ulipita mikononi mwake.

Alikuwa mtu mwema. Nataka mlishike hilo mapema. Hakunywa, hakumpiga mkewe, hakuwa na nyumba ya pili huko tambarare. Hapa kanisani alitoa sadaka, na msiba ukitokea alikuwa wa kwanza kuleta unga. Kwa hiyo asije mtu akajisemea, mchungaji leo anawasema wale. Wale wana Jumapili yao. Leo tunasemwa sisi tulio wema.

Mkewe aliitwa Nakundwa, binti wa Mzee Kiangi, kutoka ng'ambo ya kilima. Walianza maisha bila kitu, lakini jioni zao zilikuwa tajiri. Zefania akifunga mashine, nyusi zimekuwa nyeupe kwa unga, alipitia jikoni kwanza. Anavuta kigoda, anapukuchua mahindi ya makande pamoja na mkewe, na wanaambiana ya mchana. Nani kaja kusaga, nani kakorofishana na wifi yake, ng'ombe wa nani kazaa. Nakundwa alikuwa na kipaji cha kuigiza sauti za watu. Alimwigiza mwinjilisti anavyokohoa kabla ya kuomba, akamwigiza hata mama mkwe wake, na Zefania alicheka mpaka akashika ukuta. Nyumba yao ilikuwa hivyo. Mtoto wao Nambike alikuwa analala na kicheko cha wazazi wake masikioni.

Ndipo Zefania akanunua redio.

Aliipandisha kutoka tambarare begani, imefungwa ndani ya blanketi kama mgonjwa, na watu wakamsindikiza njia nzima. Akafunga waya kwenye mti mrefu nyuma ya nyumba. Nakundwa alifurahi kama wengine. Alifuma kitambaa cheupe cha kuifunika. Jioni ya kwanza alisimama mlangoni, mtu akasema kutoka huko mbali, "Hamjambo wasikilizaji," naye akaitika kwa adabu, "Hatujambo." Watu wote wakacheka, naye akacheka nao. Sioni ubaya wowote katika siku ile. Mnauona?

Lakini kesho yake wanaume wakaja kusikiliza habari. Keshokutwa wakaja wengi zaidi. Sebule ikajaa, chai ikachemshwa, kigoda cha jikoni kikabaki na Nakundwa peke yake. Watoto wakafundishwa kunyata. Na Zefania akajifunza kitu ambacho hakuwa nacho zamani: akawa anainua mkono. Mtu akiingia huku habari zinasomwa, mkono. Nambike akilia, mkono. Mkewe akisema, "Baba Nambike," mkono unapanda, kiganja kimemwelekea, na macho ya mwenye mkono yako kwenye redio. Hakuwa mkali. Alikuwa anasikiliza tu.

Akaja kujua vita vinapiganwa wapi na mvua imenyesha wapi. Akajua bei ya pamba katika nchi ambako hana hata ndugu wa kumpa maji. Ungemuuliza mkewe anaumwa wapi, asingejua.

Kisha zikaja salamu. Wazee wanakumbuka. Mtu alikuwa anaandika kadi, anaipeleka posta, na siku ikifika mtangazaji anaisoma, nchi nzima inasikia fulani anamsalimu fulani. Zefania akapeleka kadi yake. Jumamosi moja alasiri, sebule imejaa, mtangazaji akasoma:

"Zefania, mwenye mashine ya kusaga, milimani Upare, anamsalimu mke wake mpenzi Nakundwa, mboni ya jicho lake na asali ya moyo wake. Anasema yeye ni mzima, na anatumaini nawe u mzima kama yeye."

Mke mwenyewe alikuwa jikoni, nyuma ya ukuta wa sebule ile ile, anaosha vikombe vya wageni.

Mnacheka. Lakini siku ile hakuna aliyecheka. Watu walipiga makofi. Asubuhi, kwenye mfereji wa maji, wanawake walimzunguka Nakundwa. "Umebahatika, mwenzetu. Mimi wangu hata jina langu amelisahau, ananiita 'we mama.'" Wasichana wakaanza kuwauliza wachumba wao, wewe utanisalimu lini kama Zefania? Nasikia uchumba mmoja au miwili ulivunjika kwa sababu kijana hakuwa na kadi. Zefania akaona njia imefunguka, akaendelea kupeleka. Kila mara neno tamu zaidi. Na kadiri salamu zilivyozidi kuwa tamu, ndivyo alivyozidi kutosema kitu jikoni. Kwa nini aseme? Si ameshasema?

Sasa nisikilizeni hapa vizuri.

Nambike alikuwa ameshakua, anakwenda shule, na nyumba ile haikuwa imepata mtoto mwingine. Watu walikuwa wameanza kuhesabu kwa midomo, mnajua watu walivyo. Basi Nakundwa akajikuta ana mimba. Hakumwambia mama yake, hakumwambia jirani. Alitaka mumewe ndiye asikie wa kwanza, naye aone uso wake utakavyokuwa.

Jioni ile alimngoja mlangoni. "Baba Nambike, nina neno."

"Liweke kidogo, habari ziishe."

Habari zikaisha, zikaja nyimbo. Nyimbo zikaisha, wageni wakataka chai. Wageni walipoondoka, Zefania alilala kama gunia. Asubuhi akajaribu tena, mume yuko nyuma ya nyumba anarekebisha waya. Siku nyingine tena, mkono ukapanda. Nakundwa akawa anakwenda shambani na furaha yake, anarudi nayo, hajapata pa kuitua.

Ikafika Jumamosi. Alasiri, saa ya salamu. Nakundwa yuko jikoni, tumbo likamkata. Akashika meza. Likamkata tena, akaona damu. Akaita, "Baba Nambike."

Sebuleni kulikuwa kimya, wanaume wamenyoosha shingo.

"Baba Nambike, njoo."

Zefania alimsikia. Siwadanganyi, alimsikia. Akajibu bila kugeuka, "Njoo wewe, Mama Nambike, upesi, sasa hivi wanakusalimu." Na alipoitwa mara ya tatu, aliinua mkono kuelekea jikoni.

Mtangazaji akasoma. Mboni ya jicho. Asali ya moyo. Watu wakapiga makofi.

Aliyemkuta Nakundwa chini ni jirani yake, Mama Eliamini, aliyekuja kuomba kaa la moto. Huyo ndiye aliyepiga kelele ambazo hakuna mkono ungeweza kuzizuia. Walimbeba kwa machela hadi zahanati. Yeye akapona. Mimba ilikuwa imekwisha toka.

Zefania alilia, wapendwa. Alilia kama mwanamume anavyolia akijua alichopoteza. Na akiwa amekaa kando ya kitanda, alimuuliza mkewe swali moja. Alimuuliza, "Kwa nini hukuniambia?"

Nakundwa alimtazama, kisha akageukia ukutani.

Alipopata nguvu ya kutembea, alimshika Nambike mkono, akaifuata njia ya kilimani mpaka kwa baba yake. Hakutukana, hakuvunja kikombe. Mashine ilikuwa inanguruma alipopita, na Zefania hakuona.

Mzee Kiangi alimpokea bintiye. Walipomaliza kula akamuuliza, kama mzazi yeyote.

"Amekupiga?"

"Hapana, baba."

"Amekunyima chakula?"

"Hapana."

"Ana mwanamke mwingine?"

"Hapana, baba. Ni mtu mwema."

"Sasa akija nitamwambia nini?"

"Usimwambie kitu. Akija, tutasema mimi naye. Lakini bado hajaja."

Wapendwa, Zefania alifanya nini? Mbona hata mtoto anajua alipaswa kufanya nini? Kilima ni kimoja. Ukitoka asubuhi umekwisha kunywa uji, jua halijawa kali umefika. Zefania alikwenda posta.

Alipeleka salamu. Jumamosi ikafika, mtangazaji akasoma kwa sauti ya huruma kwamba Zefania, milimani Upare, anamwomba mke wake mpenzi Nakundwa arudi nyumbani, maana nyumba imekuwa giza bila yeye. Watu walitoa machozi. Huko mjini watu wasiowajua walitikisa vichwa. Mama Eliamini mwenyewe, aliyeona damu ile kwa macho yake, akafunga kanga, akapanda kilima kwenda kumbembeleza.

"Mwenzangu, nchi nzima imesikia. Mwanamume kajivua nguo mbele ya watu. Unataka nini tena?"

Nakundwa alikuwa anapalilia tangawizi. Akaegemea jembe. "Mama Eliamini, mimi siko redioni. Niko hapa kwa baba yangu. Njia anaijua, ndiyo aliyopita kuja kuniposa."

Salamu zikasomwa tena. Safari hii akaenda mzee wa kanisa. Akakaribishwa, akapewa kiti, akaanza. "Binti yangu, mwanamke hajengi kwa moyo mgumu. Mwenzio amejishusha."

"Amejishusha kwa nani, mzee?"

"Kwako."

"Basi angekuja kwangu."

Mzee akamgeukia Mzee Kiangi apate msaada. Mzee Kiangi akasema, "Umemsikia. Mimi sina la kuongeza."

Msimwone Nakundwa kama mtu asiye na uchungu. Alimpenda mumewe. Kila mchana aliangalia ile njia inavyoshuka kwenye migomba. Kurudi kungekuwa rahisi zaidi, na watu wangemsifu. Lakini alijua kitu kimoja, na hakutaka kukiachia: kama angerudi kwa kuitwa na redio, angeishi maisha yake yote ndani ya redio.

Zefania naye alikaa kila Jumamosi akingoja mkewe ajibu. Alidhani jibu litakuja kwa njia ile ile. Majirani wakakaa naye, wote masikio wazi. Jumamosi moja mtangazaji akasoma salamu za mtu wa mkoa mwingine kabisa, fundi viatu, anamsalimu mke wake mpenzi, mboni ya jicho lake na asali ya moyo wake. Yale yale. Neno kwa neno. Halafu akasoma za mwingine, naye ana mboni na ana asali.

Zefania alinyanyuka. Akaizima redio katikati ya sentensi, watu wakidhani betri imekwisha. Akasema, "Ndugu zangu, nendeni mkapumzike." Wakaondoka wakinong'ona. Akabaki amekaa katika ile nyumba, na kwa mara ya kwanza akasikia ilivyo kimya.

Jumatatu asubuhi wanawake walifika na mahindi yao wakakuta mashine imefungwa. Mwenyewe alikuwa kilimani.

Alimkuta Nakundwa shambani. Akasimama kwenye mtaro, hakuthubutu kuingia. Njia nzima alikuwa ametunga maneno. Akakohoa, akaanza. "Mke wangu mpenzi, tangu ulipoondoka moyo wangu..."

"Hayo nilishaambiwa," Nakundwa akasema. Hakuacha kulima. "Watu wote walinieleza."

Maneno ya Zefania yakaishia hapo. Alisimama na mikono yake, hajui aiweke wapi. Nakundwa alimaliza tuta moja, akaanza lingine. Hatimaye Zefania akauliza, kwa sauti ndogo, "Zile siku ulikuwa unataka kuniambia nini?"

Jembe likasimama.

"Niambie sasa," akasema. "Nasikiliza."

Nakundwa akakaa pale pale kwenye tuta. Akamwambia. Alivyojua kwamba ana mimba, alivyoimba peke yake akienda mferejini, jina alilokuwa amemchagulia mtoto. Alivyomngoja mlangoni. Alivyouona ule mkono. Alivyokuwa chini jikoni, anasikia jina lake mwenyewe linasomwa kwa mapenzi na mtu asiyemjua, na makofi. Zefania alifungua mdomo mara moja, nadhani alitaka kusema hakujua, akaufunga. Alisikiliza mpaka jua likapita juu ya vichwa vyao likaanza kushuka. Machozi yalimtoka, hakuyageuza kuwa hotuba.

Mwisho Nakundwa akasema, "Kwa leo nimechoka."

Sasa ninyi mnangoja niseme walishikana mikono wakarudi nyumbani. Ndivyo hadithi zinavyokwisha. Lakini Zefania aliposema, "Twende basi," Nakundwa alitikisa kichwa.

"Rudi kesho, Baba Nambike. Bado hujanisikia yote."

Na kesho yake akarudi. Na keshokutwa. Wanawake walilalamika unga umekwisha, wakaenda kusaga kijiji kingine, watu wakamcheka Zefania kuwa amewekwa shule na mkewe. Yeye akapanda kilima. Siku nyingine walizungumza, siku nyingine walilima kimya. Na siku moja, hata Mzee Kiangi hakujua ni kwa nini siku ile, Nakundwa alifunga nguo zake, akamwambia Nambike avae viatu, akasema, "Sasa twendeni."

Mtaniuliza, redio je? Ilivunjwa? Ilitupwa korongoni? Haikuvunjwa. Walikaa nayo miaka mingi na waliipenda. Redio haikumwinulia Nakundwa mkono. Redio haina mkono.

Wapendwa, mkono ni wetu.

Zefania alidhani mkewe anataka kusalimiwa, kumbe alitaka kusikilizwa. Na sisi je? Si ndio tunaosimama kwenye harusi tukamsifu mke mbele ya watu mia tatu, halafu tukapanda gari tusiseme neno mpaka nyumbani? Si ndio tunaosubiri mama afe ndipo tumwandikie risala ndefu, na siku zote alipoita kutoka chumbani tulijibu, nakuja? Wewe kijana unamwandikia mchumba maneno matamu kwenye simu, nawe umekaa naye meza moja, anakuambia jambo, husikii kwa sababu unamwandikia. Sisi wachungaji hatujapona. Tunamsikiliza kila mtu isipokuwa wale tunaokula nao.

Na mbele za Mungu tunafanya hivyo hivyo. Tunampelekea kadi. Mboni ya jicho, asali ya moyo, maneno yale yale ya jirani, yale yale ya mwaka jana. Yeye akitaka kutuambia jambo, tunainua mkono. Lakini yeye hakutufanyia hivyo. Angeweza kukaa kwake akatutumia salamu hadi mwisho wa dunia, na zingekuwa salamu nzuri kuliko zote. Alikuja mwenyewe. Alitembea kwa miguu yake kwenye mavumbi yetu, akakaa na mwanamke kisimani, akakaa na wenye ukoma, akauliza maswali, akangoja majibu. Huyo ndiye tunayesema tunamfuata. Tutamfuata tukiwa tumekaa wapi?

Basi sitaki mniambie mlangoni kwamba mahubiri yalikuwa mazuri. Nataka kitu kingine, na nakitaka leo. Humu tumekaa kama tulivyozoea, wanaume upande huu, wanawake upande ule. Na tukitoka, nawaona kila Jumapili kutoka hapa mlangoni: mwanamume anatangulia na Biblia yake, hatua ndefu, na mwanamke anafuata nyuma na watoto, mpaka wanapotea kwenye kona ya mlima. Leo, wewe mwanamume, simama hapo nje umngoje. Akifika, mshuke pamoja, bega kwa bega, hata njia ikiwa nyembamba. Muulize jambo moja ambalo hulijui. Kisha unyamaze mpaka amalize, hata kama mtafika nyumbani hajamaliza, hata kama atakuambia urudi kesho.

Tusimame tuombe.